Mkono Uliokufa Ganzi Mbele ya Hakimu

Jumatatu, 4 Machi
Nimepata njia! Amri ya matunzo ya mtalaka wangu inaweza kupitiwa upya, mradi hali ya mmoja wetu iwe imebadilika. Karani wa mahakama kanieleza mwenyewe, tena bila kuinua macho. Basi hali yangu imebadilika tangu saa nne asubuhi: mkono wa kulia umekufa ganzi. Seremala wa mkono mmoja atamtunza nani?

Jumanne, 5 Machi
Dada kanifunga bendeji kuanzia vidole hadi kwapani. Kacheka mpaka kakaa chini. Kaniuliza kwa nini nisiongee tu na wifi yake, si mtu mkorofi. Wifi! Mwaka wa pili tumeachana, bado wifi. Na huyu ni damu yangu!

Jumatano, 6 Machi
Nafanya mazoezi ya kula kwa kushoto. Mchuzi umeingia sikioni. Mteja wa kabati kaja, nikamwonyesha bendeji. Kanipa pole nyingi, kisha kabeba mbao zake kazipeleka kwa Misumari, jirani yangu, fundi asiyejua hata kushika randa. Dhuluma!

Alhamisi, 21 Machi
Siku ya kesi. Nilianza vizuri: sauti ya mgonjwa, uso wa yatima. Hakimu, mama wa miwani mizito, akawa anaandika kwa huruma. Mtalaka wangu kakaa, bahasha mkononi.

Mara mlango wa kizimba ukachomoka. Bawaba! Mjinga gani kaifunga kwa skrubu fupi vile? Nikainama, nikaunyanyua, nikaupachika, nikakaza kwa sarafu. Ukafunga bila mlio. Kazi safi! Nilipoinuka, hata feni nilikuwa naisikia.

“Mkono mgonjwa ni upi, fundi?” akauliza hakimu.

Nikasema wa kushoto. Bendeji ilikuwa inaning'inia kwenye mkono wa kulia.

Ombi likatupwa. Kwenye korido karani akaninong'oneza: ndani ya bahasha mlikuwa na barua. Mtalaka wangu kapata kazi ya kushona sare, alikuja kukubali matunzo yapungue nusu. Aliponiona nakaza skrubu, akairudisha mkobani. Eti hata sasa tukiandikiana makubaliano wenyewe, hakimu hana neno. Sikumsikiliza sana. Dirisha la korido nalo limepinda.

Jumamosi, 23 Machi
Nimeligundua kosa langu. Si uongo, ni kiungo! Seremala haigizi kwa mikono. Ombi jipya: nimekuwa kiziwi. Kiziwi anapiga randa kutwa, nani atamshuku?

Mazoezi nimeyaanza leo leo. Asubuhi mtalaka wangu kagonga mlango. Kaita mara tatu: kaja na karatasi, nitoke tutie sahihi, yaishe. Sikupepesa hata kope. Kagonga tena. Halafu nikasikia viatu vyake vikishuka ngazi.

Yaani, sikusikia. Nimefaulu!