Mkia wa Hotuba

Jumatatu, 4 Machi

Leo nimeketi rasmi katika kiti cha Mshauri wa Waziri wa Maji. Kiti kinazunguka! Kule gazetini, pamoja na uhariri mkuu wangu wote ule, changu kilikuwa na miguu mitatu na tofali. Nimemwachia naibu wangu, Kobe, kiti hicho pamoja na tofali lake. Akaniuliza, kwa upole wa kinafiki, kama serikalini nako nitawakata watu aya zao. Nikamjibu mwenye wivu ajinyonge. Kicheko chake kilinisindikiza hadi ngazini.

Shangazi, ambaye ninaishi kwake tangu nihitimu, ameutangazia mtaa mzima. Mabomba yetu yamekauka siku nyingi, na Ijumaa Waziri anakuja kufungua mapya. Shangazi anasema safari hii tuna mtu wetu ndani. Mtu huyo ni mimi.

Katibu Mkuu kanikumbusha kwamba niko katika majaribio. Neno la ajabu kwa msomi wa kiwango changu.

Jumatano, 6 Machi

Nimeletewa hotuba ya Ijumaa. Kurasa kumi na moja! Katibu Mkuu akaniagiza nirekebishe nukta na mkato tu. Nukta na mkato! Mimi, niliyemaliza falsafa, historia na nusu ya maktaba ya chuo!

Kanuni ya chumba cha habari haina utata: jambo kubwa hukaa juu, porojo huteremka chini, nafasi ikibana, kata mkia wala usiusome. Nimetupa kurasa tatu za mwisho. Salamu, ambazo zinawataja hadi marehemu wawili, nimeziacha. Ziko juu, na kanuni ni kanuni.

Ijumaa, 8 Machi

Sitaki kuandika. Naandika.

Turubai, jua, kina mama na ndoo tupu. Shangazi mstari wa mbele, katika gauni alilovaa harusini kwa bintiye. Waziri akasoma vizuri ajabu hadi ukurasa wa nane. Akageuza. Hakukuta kitu. Akashukuru, akaketi. Makofi! Nikajipongeza.

Kisha watu wakageukia mabomba. Utepe haujakatwa. Mkasi umelala sahanini. Hapo ndipo nilipong'amua kwamba serikalini jambo kubwa husubiri mwishoni: maneno ya kuufungua mradi yalikuwa ukurasa wa kumi na moja. Na Waziri hatamki neno lisiloandikwa. Ndiyo siri ya kudumu kwake. Akapanda gari, akaenda zake. Nikamsihi fundi mkuu afungue maji hivyo hivyo. Akasema bila tamko hafungui hata tone, yeye ana watoto wa kulisha; kama mimi nimechoka na kazi yangu, nisimwambukize.

Watu wakarudi na ndoo zao. Shangazi hakunigombeza. Aliuliza tu kama nimekula. Afadhali angenichapa.

Jumamosi, 9 Machi

Kobe na ukurasa wake wa kwanza: WAZIRI ASAHAU MAJI. Katibu Mkuu akapiga simu akifoka. Niandike ufafanuzi gazetini, nikiri kwamba kosa ni langu, nitangaze kwamba Waziri atarudi Jumatatu kufungua. La sivyo, kazi sina.

Lakini mimi hujifunza upesi. Jambo kubwa mwishoni! Nimeanza na historia ya hotuba tangu enzi za kale, nikaendelea na mateso ya kumwandikia mtu asiyeweza kutunga sentensi moja kichwani. Kukiri kwangu na tangazo la Jumatatu vimepamba aya ya mwisho. Ufafanuzi bora kuliko wote niliowahi kuusoma.

Jumapili, 10 Machi

Kobe kakata mkia. Bila kuusoma!

Ufafanuzi umekomea kwenye "sentensi moja kichwani". Katibu Mkuu alinipigia kabla sijanywa chai: funguo za ofisi nimwachie mlinzi. Nilipomwakia Kobe, akanijibu taratibu, bosi, si wewe uliyenifundisha? Mkuki kwa nguruwe, akaongeza. Mshenzi.

Jumatatu, 11 Machi

Tangazo lilipokatwa, hakuna aliyejua Waziri anarudi, ila mimi na Shangazi. Alfajiri akapita mlango hadi mlango akigonga sufuria. Watu wakajaa. Waziri akasoma sentensi moja tu, na maji yakatoka! Shangazi akakinga ndoo ya kwanza, akachota kikombe, akaniletea mimi mbele za watu. Nilikunywa nikiwa nimeinama. Vumbi liliniingia machoni.

Papo hapo kina mama wakamchagua Shangazi kuwa mwenyekiti wa kamati ya bomba. Amenifanya mshauri wake. Hatimaye, mtu anayetambua kipaji!

Jumanne, 12 Machi

Jioni Shangazi atahutubia kamati. Amemwalika na Kobe, sijui kwa nini. Kutwa anasema kiti cha naibu kule gazetini bado hakijapata mtu, na kwamba Kobe si mtu mbaya akiombwa vizuri. Amenipa hotuba yake niipitie, akanisihi sana, mwanangu, aya ya mwisho usiiguse, hiyo inakuhusu wewe.

Sifa, bila shaka. Kujisifu si hulka yangu.

Hotuba yenyewe ni ndefu mno. Nimekata mkia.