Ndoo Yangu kwenye Runinga

Alhamisi, 5 Juni

Sikumwambia mume wangu ukweli. Nani angeweza, na macho yale ya Januarius wangu! Wiki tatu za ndoa, bado nayeyuka. Wakati wa uchumba nilimwambia niliigiza dada wa bibi harusi katika ile filamu iliyopigwa Maswa nikiwa kidato cha pili. Kumbe runinga ina kipindi cha kuchambua filamu za zamani, na Jumamosi ni zamu ya filamu yetu! Wifi Kabula ameshaalika majirani. Anasema waje wamwone nyota wetu.

Ukweli: nilipita na ndoo kichwani. Sekunde nne. Kisha nikageuka kuitazama kamera.

Ijumaa, 6 Juni

Mpango: ndoo ikitokea, nasimama mbele ya runinga na sinia la viazi vitamu. Nimefanya mazoezi mara kumi na mbili. Kiuno hoi. Januarius kauliza kwa nini nazunguka na sinia tupu. Nikasema ni mapenzi. Kanibusu shingoni. Jamani!

Jumamosi, 7 Juni

Baba mkwe katokea kijijini Mwamapalala bila taarifa. Kaketi kiti cha mbele kabisa. Kwa mila yetu, mkamwana haketi sebule moja na baba mkwe, hata nyumba iungue. Nikabaki jikoni na sinia langu, sikio ukutani.

Wachambuzi wakasema filamu bado inagusa moyo, ila msichana wa ndoo kaharibu tukio la kiapo cha ndoa. Wakakirudisha kipande hicho mara tatu! Kabula akapiga kelele: "Wifi, njoo ujione! Dada wa bibi harusi kumbe mchota maji!" Majirani hoi kwa kicheko. Baba mkwe akakohoa, akasema katika watu wote wale, ni huyo tu aliyekuwa anafanya kazi.

Januarius akaja jikoni. Akala viazi vitatu. Akauliza kama kuna jingine nililomdanganya. Nikaapa hakuna, wala halitakuwepo. Akanifuta machozi kwa kitenge changu. Mume gani huyu!

Jumapili, 8 Juni

Nimechoka mpaka mifupa. Baada ya misa Kabula kanitambulisha kwa wanakwaya wote: mchota maji wa filamu. Ningefanyaje? Nikasema maneno yangu yalikatwa, na mwongozaji anajuta mpaka leo. Nikageuka. Januarius yuko nyuma yangu, ananitazama. Nikaongeza kwamba mwongozaji mwenyewe anakuja hapa Bariadi kuniomba radhi, kabla mwezi haujaisha.