Sauti ya Ng'ombe wa Lubarika

Jumatatu, 4 Juni 1956
Padri amerudi Uvira na filamu yake ya ufugaji. Picha safi, lakini bubu! Kamera haishiki sauti. Hiyo ni kazi yangu: ninanasa kwa manyetofone, mashine ya kurekodi sauti, ninakata utepe kwa wembe, ninabandika hadi mdomo na mlio vikutane. Padri atamchagua mmoja wetu aajiriwe kazi ya filamu Bukavu, mimi au Hyacinthe, mshika kamera. Hyacinthe! Mtu anayeziba lenzi kwa kidole chake mwenyewe. Na mzee Manirakiza, baba yake Pélagie ninayetaka kumwoa, amesema wazi: mkwe wake atakuwa mtu wa Bukavu.

Jumanne, 5 Juni
Padri ameniagiza Lubarika kwa baiskeli, nikanase ng'ombe yuleyule wa kwenye picha. Kwa jua hili! Nimeishia Runingu, kwa kina Pélagie. Nyuma ya nyumba kuna ng'ombe analia vizuri ajabu. Mzee Manirakiza alinikataza kwenda huko, eti ng'ombe huyo ni mgonjwa, hataki kuonwa na watu. Sikumwona. Nilipenyeza maikrofoni tu kwenye ua wa matete. Ng'ombe ni ng'ombe.

Alhamisi, 7 Juni
Nimekata, nimebandika. Mlio umekaa mdomoni kabisa! Padri alinipongeza mbele ya Hyacinthe. Nimeanza kuaga majirani.

Jumamosi, 9 Juni
Balaa! Tulionyesha filamu Lubarika. Ng'ombe akalia. Mfugaji mmoja, Nkeshimana, akaruka: "Iko ngombe yangu Bihogo ile! Walimuiba ku Pasaka!" Nikacheka. Nilicheka peke yangu. Wafugaji wote wakasema ndiye, hata bibi kizee asiyeona. Padri akaniuliza nilimnasa wapi. Nikaapa, hapahapa Lubarika. Hyacinthe, mchongezi, akasema baiskeli yangu ilionekana Runingu.

Jumapili, 10 Juni
Polisi wa chifu wamemkuta Bihogo nyuma ya ile nyumba. Mzee Manirakiza amefungwa. Pélagie ametuma neno kwamba nisikanyage tena kwao. Inauma! Nimelia kidogo, kisha nikala samaki wa ndagala.

Padri amenipa hadi Jumatano nilete sauti ya ng'ombe wa kweli wa Lubarika, la sivyo Hyacinthe anaenda Bukavu. Nimefikiri sana. Kosa langu ni moja tu: nilitumia ng'ombe anayejulikana. Safari hii nitalia mwenyewe! Nimefunga mlango na kufanya mazoezi tangu mchana. Sauti nene, ya kujaa. Hata mama yangu mzazi hawezi kunitambua.

Sasa hivi jirani yangu Sidonie amegonga dirisha: "Libérat, tumbo iko inakuuma?"