Sauti Yangu Yafika Uchina

Jumatatu, 12 Januari
Uchungu mtupu. Shemeji Bimala wa ghorofa ya chini amevuma Uchina! Video yenyewe: anapara samaki, anaimba wimbo wa mapenzi wa Kibengali. Watu laki tatu wameitazama. Hawaelewi hata neno, wanalia tu. Sasa Kaka Haradhan, katibu wa klabu ya mtaa, ametangaza kwamba anayependwa zaidi ng'ambo ndiye atakayefunga jukwaa kwa wimbo wa mwisho sikukuu ya Saraswati, mungu wa kike wa muziki. Jukwaa langu! Nalifunga mimi kila mwaka tangu nikiwa na nywele. Hanipokonyi mtu wa magamba.

Jumanne, 13 Januari
Nimerekodi. Baridi ya kuua, nyuzi joto kumi na sita. Koo la mwimbaji si la kuchezea, kwa hiyo nimevaa kofia ya sufu inayoacha macho tu, skafu juu yake, kisha nikajiviringisha shali, mikono ndani. Nyuma yangu mke wangu Shefali akipiga kinanda. Amenuna, maana maziwa yalikuwa jikoni. Wimbo nimeutunga mwenyewe: njoo mpenzi, njoo upesi, roho yanitoka. Tafsiri ya Kichina nimeiweka chini.

Alhamisi, 15 Januari
Laki tisa! Maoni ya watazamaji yanapita kwenye video, juu ya uso wangu, bila kukoma. Simu imenitafsiria: vumilia, tunakuja, kama unatusikia pepesa macho mara mbili. Hao ndio wajuao mapenzi. Nimewarekodia video ya pili, nimepepesa mpaka kope zinauma. Nikamwambia Shemeji Bimala dirishani kwamba samaki wake wameshachacha. Akanijibu, "Hongera, shemeji. Ila mbona wanauliza huyo mama wa nyuma anataka alipwe ngapi ndiyo akuachie?" Wivu, hana lolote.

Jumamosi, 17 Januari
Polisi. Mtazamaji mmoja amepiga simu kutoka Uchina kwamba nimetekwa nyara. Inspekta akaniamuru nivue kofia. Nikakataa, nina koo. Akauliza nani kanikataza kuivua. Nikasema mke wangu, ndiye hunisisitizia. Haikuwa busara. Shefali amekaa kituoni hadi jioni na tangu arudi hajanipa hata chai. Kaka Haradhan naye kaja kuniambia kwamba wale watu walitaka kuniokoa, si kunisikiliza, hivyo jukwaa ni la Bimala, labda nipate mashabiki wapya ng'ambo kabla ya sikukuu, Ijumaa. Nimelia. Kweli nimelia.

Jumapili, 18 Januari
Kosa nimeligundua: Shefali. Sura yake ndiyo iliyoniponza. Kesho naimba peke yangu, kofia kichwani, ndani ya chandarua kwa sababu ya mbu, nyuma yangu dirisha la nondo. Wimbo mpya, wa kumsihi mpenzi anitoe gizani. Ili nisikatizwe, nimemwomba Shefali anifungie kwa kufuli kwa nje. Amekubali papo hapo, wala hakuniuliza anifungulie lini. Bado ananipenda.