Tumba Moja kwa Ajili ya Verna

Alhamisi, 16 Mei 1974

Tumba! Nimehesabu mara tatu. Ni moja, dogo kama njugu, lakini ni tumba.

Mke wangu Verna ana karibu miaka mitatu kaburini, na peoni yake, ule mmea wa maua makubwa, haijatoa hata ua la kusingizia. Alinishika mkono hospitalini akaniomba kitu kimoja tu: kila Siku ya Kumbukumbu, tunapowakumbuka wanajeshi na wafu wetu makaburini, nimpelekee maua ya peoni ya mama yake. Nikaapa. Mwaka wa kwanza nikapeleka majani. Wa pili, majani. Siku yenyewe ni tarehe 27. Safari hii sishindwi.

Jumapili, 19 Mei

Kahawa ya kanisani baada ya ibada. Shemeji Ardis, mdogo wake Verna, ana nusu nyingine ya shina lilelile la mama yao. Akatangaza mbele ya akina mama wote kwamba lake lina matumba arobaini, na kwa vile joto limewahi hapa Iowa, ameanza kuyakata na kuyahifadhi kwenye friji, yamefungwa gazeti, yasije yakafunguka kabla ya siku. Kisha akanigeukia. Eti langu vipi, bado linatoa majani tu? Wakacheka, na midomo imejaa keki.

Akauliza kama nimelihamisha tena. Nikasema mara tatu tu, na kila mara kwa sababu. Nyuma ya banda kulikuwa na kivuli. Kando ya uzio, upepo. Sasa liko chini ya dirisha la jikoni, mahali pazuri kabisa. Ardis akasema mimi ni mzee mzima lakini sisikii: peoni ukiihamisha inanuna miaka mitatu, haitoi ua, iache itulie!

Wivu huo.

Jumatano, 22 Mei

Nimeijua siri. Matumba ya Ardis yamejaa sisimizi. Langu halina hata mmoja! Na mji mzima unajua kwamba sisimizi ndio wanaofungua peoni.

Ardis alipokwenda mazoezi ya kwaya nikaingia bustanini kwake na chupa ya jemu. Nilikuwa nimewakamata kama hamsini, magoti chini, makalio juu, Ardis akarudi. Amesahau miwani. Akauliza nafanya nini. Nikasema nasali. Akasema basi nimsalimie Mungu huko chini ya majani.

Nikaondoka na chupa mfukoni. Kifuniko hakikukazika. Sitaandika yaliyotokea ndani ya suruali mbele ya posta.

Waliobaki kumi na saba nikawamwaga juu ya tumba. Wakashuka wote, wakapita dirishani, wakaenda kwenye bakuli la sukari.

Jumamosi, 25 Mei

Tumba bado gumu kama kokoto. Nimelipulizia joto kwa mashine ya Verna ya kukaushia nywele. Ilipopata moto ikatoa harufu ya kichwa chake. Nikaizima. Nikakaa kwenye nyasi nikalia, mtu mzima wa miaka sabini na moja.

Kisha nikaiwasha tena. Muda ni mfupi.

Jumatatu, 27 Mei

Halikufunguka. Nilikwenda makaburini mikono mitupu. Bendera kila mahali, wazee wa vita wakapiga risasi hewani, nami natazama viatu vyangu.

Kaburini kwa Verna palikuwa na ndoo nzima ya peoni. Na kadi, mwandiko wa Ardis: "Kutoka kwa Selmer." Yaani mimi!

Kumbe mwenyewe alikuwa amesimama nyuma yangu. Ardis akaniambia taratibu kwamba alipita kwangu jana akalitazama tumba langu, nalo ni zima. Litafunguka wiki ijayo, na mwakani yatakuwa matano. Verna hana kalenda huko aliko, akasema. Ila shemeji, niahidi kwamba hutaligusa.

Nikaahidi. Tena kwa moyo wote. Nimekuwa mtu mwingine.

Jumatano, 29 Mei

Sijaligusa! Limelainika, linaonyesha rangi ya waridi nchani. Nimelikodolea macho tangu asubuhi hadi chakula cha mchana.

Lakini likifungukia hapa, nitaliona mimi peke yangu. Nikilikata, siku tatu limenyauka. Na Ardis alikataza kugusa tumba. Mizizi hakuitaja.

Alhamisi, 30 Mei

Nimelichimbua shina zima, nikalipakia kwenye toroli, nikalisukuma hadi makaburini. Shimo nimelichimba refu hadi gotini, shina lisije likatikisika. Tumba linaelekea jina la Verna kwenye jiwe. Nikamwambia: haya mama, hili hapa, la kwako. Sijafurahi hivi tangu aondoke.

Ijumaa, 31 Mei

Limeinama. Tumba limelegea shingo, limelala udongoni. Ndoo nne za maji, wapi! Nimekaa na Verna hadi saa sita mchana nikiwaza kosa liko wapi, na hatimaye nimeliona. Ni jiwe la kaburi. Linaziba jua la asubuhi.

Kesho nalihamishia upande wa pili.