Mkaguzi wa Misuli ya Mkono

Msomi hakuwa msomi. Jina hilo alipewa kinyozini kwa sababu ya tai yake moja na miwani yake isiyosaidia macho, na kwa kuwa hakuwa na cheo kingine duniani, alilipokea kwa mikono miwili. Asubuhi hiyo alikuwa na shida ya kweli. Dada yake mkubwa, aliyekuwa akimlaza kwenye kochi la sebuleni mwaka wa tatu sasa, alikuwa amemwambia bila hata kupandisha sauti: "Mdogo wangu, mwisho wa mwezi huu uwe na kazi, au uwe na kochi lako mwenyewe."

Basi alikuwa kwenye kiti cha kinyozi akilifikiria kochi hilo, mpakia mizigo mmoja aliyefunga mkono kwa kitambaa shingoni akaanza kulalamika.

"Msuli wangu wa juu ya kiwiko umechanika mara moja tu. Nikarudi kliniki mara nne kuangaliwa unavyopona. Leo karatasi ya bima inasema umechanika mara tano! Mimi ni mtu au ni shati?"

Msomi akaiomba karatasi. Mistari mitano, namba ileile ya jeraha, na kila namba inaishia kwa herufi ileile.

"Hiyo herufi ndiyo inasema kama ni tiba ya kwanza au ni marudio," mpakia mizigo akamweleza. "Nimeambiwa na watu wa bima wenyewe. Tiba ya kwanza inalipwa zaidi."

Watu wakacheka. Msomi hakucheka. Alisubiri kichwa kimalizike kunyolewa, maana hata utapeli una adabu zake, kisha akaenda moja kwa moja kliniki, faili tupu kwapani.

"Ukaguzi wa bima," akamwambia daktari mwenye kliniki. "Una mgonjwa hapa kachanika msuli uleule mara tano. Ama ana mikono mitano, ama wewe una matatizo."

Daktari akalowa jasho. "Mkubwa, haya mambo si yanazungumzika?"

"Mimi mwenyewe napenda sana mazungumzo."

Kusema kweli alijipenda. Kungekuwa na kioo pale angejipigia saluti. Daktari akamwita mama wa makamo aliyeketi chumba cha nyuma akigeuza magonjwa ya watu kuwa namba za bima, akamnong'oneza kwa muda mrefu, kisha akamwambia Msomi kwamba mama huyo atamshughulikia. Msomi akaelewa bahasha.

Mama wa namba akafunga mlango.

"Mzigo wako upo, baba. Lakini mkaguzi akiondoka bila kukagua, wauguzi wataongea. Kaa hapa, pitia mafaili ya mikono. Palipo na marudio, andika herufi ya marudio na utie sahihi. Ukimaliza kabati, unachukua chako."

"Kabati moja?"

"Hilo hapo," akasema mama. Hakutaja lililokuwa nyuma ya pazia.

Msomi, aliyewahi kuwauzia watu viwanja ambavyo hata yeye hakujua viko wapi, akavua koti na kuanza kazi. Siku ya pili alishajua namba ya mkono wa kulia na ya wa kushoto. Siku ya nne alimfuata daktari ofisini kumgombeza juu ya mwandiko wake, na daktari akaomba radhi. Siku ya sita alijikuta amekasirika kwa dhati kwa niaba ya msuli wa mtu asiyemjua. Na huku akiandika, mdomo haukutulia. Mama wa namba alisikia yote, kochi na dada na mwisho wa mwezi.

Nyumbani, dada alipomwona anatoka saa moja kila asubuhi, akaanza kumpigia shati pasi. Akawaambia majirani. Akampigia simu shangazi. Hilo lilimuuma Msomi. Alikuwa amedanganya watu wengi, lakini hakuwahi kupigiwa pasi na hata mmoja wao, na aliona aibu.

Siku ya tisa alikuwa akiteremsha boksi kutoka juu ya kabati la pili, kitu kikamvuta juu ya kiwiko, akapiga yowe wagonjwa wakasimama. Daktari akampapasa: msuli umevutika, haujachanika. Mama wa namba akachukua kalamu.

"Mkono wa kushoto. Tiba ya kwanza," akaandika.

"Mama, nipe changu niende."

"Chako kipi? Siku ile ya kwanza nilikupa faili la jino. Ukalisoma, ukatikisa kichwa, ukasema mkono huu umeteseka sana."

Msomi, ambaye maneno ndiyo mtaji wake wote, akaivua miwani yake.

"Miaka miwili namuomba daktari aniajirie msaidizi," mama akaendelea. "Kila siku hana pesa. Umeingia wewe, zimepatikana mchana uleule." Akavuta droo. Bahasha ilikuwa nene. Msomi akanyoosha mkono mzima, droo ikafungwa. "Huo ni mshahara wako wa miezi mitatu. Nitakupa kila mwisho wa mwezi. Daktari nimemwambia mkaguzi amekubali kubaki atulinde. Amefurahi huyo!"

"Na nikikataa?"

"Nani atakushika? Nenda. Kamwambie dada yako kazi imeisha."

Alifika nyumbani jioni, mkono umefungwa shingoni. Dada akaacha sufuria jikoni, akamshika bega lililo zima.

"Umeumia kazini?" akauliza, machozi yakimlengalenga kwa fahari. "Watakufukuza?"

"Hapana. Kesho saa mbili niwe pale."

Dada akamkalisha kwenye kochi, akamwekea mto mgongoni.

"Na huyo bosi wako, ni mtu wa namna gani?"

"Tapeli," akasema Msomi. "Tapeli mkubwa kuliko wote niliowahi kukutana nao."

"Basi mheshimu, mdogo wangu," dada akasema, "usije ukaipoteza kazi."