Ushahidi Juu ya Lengalenga

Jumatatu, 10 Novemba 2025
Wandugu wa mapambano! (Niko peke yangu chumbani. Mazoea.) Mafuta machafu ya injini yametoroka kutoka gereji moja ya malori hapa mtaani Panda, yakaingia katika mfereji anamochota jirani yetu Mama Mayimuna maji ya kumwagilia mboga zake za lengalenga. Tuta moja limekufa. Yamebaki manne, naye hana shamba lingine. Nimeapa mbele ya majirani kwamba nitayaokoa. Wamepiga makofi. Nikaapa tena.

Jumatano, 12 Novemba
Ushindi! Tumetandaza majini nyuzi kavu za migomba, taka ambazo kila nyumba hutupa. Zimeyanyonya mafuta yote! Wazo lilikuwa la Hilaire, mwanafunzi wa kemia; katika hotuba nilisema "letu". Akaomba nyuzi zilizolowa tuzitie ndani ya pipa, tulifunike. Kufunika! Nilimjibu kwamba ushahidi wa wananchi haufichwi. Nimezirundika katikati ya shamba ili burgmesta, mkuu wa manispaa yetu, ajionee. Mama Mayimuna aliuliza mvua ikinyesha itakuwaje. Nikamwambia historia iko upande wetu.

Ijumaa, 14 Novemba
Mvua. Saa nne mfululizo.

Jumamosi, 15 Novemba
Aibu. Sina neno lingine, mimi nisiyekosa maneno. Mafuta yametiririka kutoka rundo langu hadi kila tuta. Lengalenga zote zimelala, nyeusi. Mama Mayimuna hakupiga kelele. Alinitazama, akasema: "Gereji iliuaka tuta moja. Weye, mwana, unamaliza yote." Hilaire alileta pipa lake, akazoa nyuzi. Kabla ya kuondoka aliuliza, kwa adabu nyingi, kama burgmesta alikuja kujionea. Hakuja. Nilitamani ardhi inimeze.

Jumapili, 16 Novemba
Nimezunguka mitaa mitatu nisipite mlangoni pa Mama Mayimuna. Nimejichunguza bila huruma na kosa nimeliona: rundo lilikuwa fupi mno, halikuonekana kutoka barabarani. Kwa bahati njema, mafuta kidogo yamemfikia jirani wa chini, Mama Anne, mwenye matuta sita. Bado hajui kwamba tunamkomboa. Wandugu! Kesho saa tatu asubuhi, shambani kwake, kila mmoja na nyuzi zake. Hotuba itatangulia kazi. Mapipa yabaki nyumbani.